HATUA SABA ZA NYABOKE: Picha ya Ijumaa

Sehemu ya Kumi na Nne

Tulimwacha Nyaboke akitazamana na picha yake mwenyewe.

Ilikuwa imejaa kioo chote cha kompyuta. Hakimu wa Kisumu aliiona. Mawakili wote wawili waliiona. Bhavin, mumewe, aliyekuwa amejiunga na mahakama kwa mtandao akiwa chumba cha nyuma cha duka lake la bhajia huko Al Wakrah, aliiona na kutabasamu.

Nyaboke alikuwa ameketi kitandani kwa rafiki yake Kendi, katika mtaa wa Fereej Bin Mahmoud, mjini Doha. Saa ya ukutani ilionyesha saa nne asubuhi. Huko Kisumu pia ilikuwa saa nne.

Picha haikuhitaji maelezo. Mwanamke amesimama mbele ya waumini. Amevaa joho la kwaya la zambarau. Macho ameyafumba, mdomo ameufungua, na mkononi ana kipaza sauti.

"Mama," alisema Wesley, wakili wa Bhavin, kwa upole wa mtu anayemkaribisha mgeni chai. "Iambie mahakama. Huyo ni nani?"

"Ni mimi."

"Hapo ni wapi?"

"Kanisani. Hapa Doha."

"Siku gani?"

"Ijumaa. Huku makanisa hujaa Ijumaa kwa sababu ndiyo siku ya mapumziko."

"Asante kwa somo, mama. Sikuuliza sababu."

Ikiwa gazeti la wiki zilizopita lilikupita, mambo yako hivi. Nyaboke ni muuguzi, mzaliwa wa Kisii, mtoto wa familia ya Kisabato. Miaka tisa iliyopita alimpenda Bhavin, Mhindu wa Kisumu. Aliipokea dini ya Kihindu mbele ya kasisi, kisha akapiga na Bhavin hatua saba kando ya moto mtakatifu, nao wakawa mume na mke.

Walihamia Doha. Mishahara ya Nyaboke ya zamu za usiku ililipia leseni ya duka, majiko na pango la mwaka wa kwanza. Duka liliposimama, Bhavin naye alisimama akaondoka. Mwaka wa tatu huu anaishi Al Wukair na Valerie, msichana wa mapokezi hotelini.

Sasa Bhavin anadai talaka. Hadai kwamba amechoka. Anadai kwamba mkewe aliiacha dini waliyofungia ndoa, na sheria ya ndoa za Kihindu huko Kenya inaihesabu hiyo kuwa sababu ya talaka. Hakimu akikubali, Nyaboke atatoka mahakamani akiwa ndiye mkosaji, na madai yake ya fidia yatatoka pamoja naye.

Madai yenyewe ni nusu ya duka. Nyaboke hakuitaka nusu hiyo kwa sababu ya njaa. Aliitaka ili imuume Bhavin.

"Uliimba nini siku hiyo?" Wesley aliendelea.

"Wimbo wa kuaga. Mwenzetu Terry alifariki hapa, na mwili wake ulikuwa unasafirishwa kwenda Kitale. Kwaya ilikosa sauti ya kwanza. Waliniomba."

"Wimbo ulimtaja Yesu?"

"Ulimtaja."

"Nawe ulimtaja?"

"Nilikuwa ndani ya wimbo, wakili. Ningetokea wapi?"

"Sala ilipokwisha, ulisema Amina?"

"Nilisema."

"Mhindu husema Amina?"

"Mhindu aliyelelewa na mama Msabato husema Amina hata akipiga chafya."

Hakimu aliinamisha uso kwenye karatasi zake. Alipouinua, ulikuwa umerudia ukali wake.

Pamela, wakili wa Nyaboke, alisogeza mdomo kwa muda mrefu bila sauti kusikika.

"Wakili, umezima sauti," alisema karani.

"Samahani, Mheshimiwa. Mama Nyaboke, Ekadashi iliyopita ilikuwa lini?"

"Jumapili. Ilikuwa siku yangu ya kufunga. Sikugusa nafaka. Nilikula viazi na karanga, nikawasha taa mbele ya miungu yangu, nikaenda kazini."

"Mheshimiwa," Wesley aliingilia, "kufunga si dini. Hata mimi sijagusa nyama tangu Jumatatu."

"Mahakama haihitaji orodha ya chakula chako, wakili," alisema hakimu. "Lakini picha ni nzito. Nitaiweka kama kielelezo cha tano. Tunapumzika dakika kumi na tano. Tukirudi, nitasikiliza hoja za mwisho."

Kioo kikawa cheusi.

Nyaboke aliutupa mto ukutani.

"Amenimaliza! Mtu aliyenitoa kanisani anakuja kunishtaki kwa sababu nimerudi kumuaga rafiki!"

Kendi ni mtu wa kompyuta. Siku za kazi hutengeneza mitambo ya ofisi za watu, na kila Ijumaa hurekodi ibada za kanisa lake. Alikuwa ameifungua ile picha kwenye kompyuta nyingine na kuinamia karibu kuigusa kwa pua.

"Nyabo," alisema polepole, "hii picha ni yangu."

"Yako kivipi?"

"Imetoka kwenye kamera yangu. Ona hapa juu. Feni imekatwa nusu. Siku ile nilifunga kamera vibaya, mchungaji akanisema mbele ya watu."

Nyaboke aligeuka. Sura yake ilikuwa imebadilika.

"Kwa hiyo ni wewe."

"Mimi nini?"

"Ni wewe uliyempa. Umenilaza kitandani kwako, umenikopesha kompyuta yako, kumbe uko upande wake."

"Wee! Shika adabu, dada. Ningekuwa naye, ningekupikia ugali hapa kila siku? Ningekuwa nakula bhajia za bure Al Wakrah!"

"Basi aliitoa wapi?"

Wote wawili waliinamia picha tena.

Kendi ndiye aliyepata jibu kwanza. Alipiga paja lake kofi.

"Sikiza. Familia ya Terry ilikataa ibada ile iwekwe hadharani. Tuliiweka mahali pa washirika tu. Huwezi kuifungua bila namba ya ushirika. Na namba ya ushirika hupewi mpaka uzamishwe kwenye maji."

"Unasema aliyempa Bhavin picha amebatizwa kwenu."

"Nasema hivyo."

"Valerie?"

"Valerie si wetu. Mchumba wa mume wako ningemkosaje? Ningekuwa nimeshamkanyaga mguu kwa bahati mbaya kila Ijumaa."

Vidole vya Kendi vilikuwa tayari vinakimbia. Mtambo wa kanisa huandika jina la kila anayefungua rekodi. Orodha ilitokea. Wengi walikuwa wanakwaya na rafiki za Terry wa pale kanisani. Jina moja lilikuwa limeifungua rekodi mara sita mfululizo, mwezi mmoja kabla ya Bhavin kwenda mahakamani.

"Ndugu Benjamin," Kendi alisoma. "Mkazi wa Al Wukair. Simtambui."

"Soma namba ya simu."

Kendi alianza kuisoma. Hakuimaliza. Nyaboke aliimalizia kwa kichwa, bila kutazama. Ilikuwa ileile iliyoandikwa kwa rangi nyekundu kwenye mlango wa duka la bhajia.

"Tafuta ubatizo," alisema Nyaboke. Sauti yake ilikuwa imeshuka. "Tafuta jina hilo kwenye ubatizo."

Waliupata. Ulikuwa wa Machi, mwezi ambao Kendi alikuwa likizoni Kenya na kamera ilishikwa na mtu mwingine. Nyuma ya ukumbi wa kanisa kulikuwa na bwawa la plastiki lililojazwa maji, la aina ambayo watoto huchezea. Ndani yake alisimama Bhavin, amevaa kanzu nyeupe. Mchungaji Levis alimshika shingo, akamzamisha, akamwinua. Bhavin alitoka akihema, nywele zimemganda usoni. Kando ya bwawa Valerie alikuwa akimsubiri na taulo, na nyuma ya Valerie mzee mmoja aliyevaa suti alipiga makofi.

"Yule ni baba wa msichana," alisema Kendi, akirudisha video nyuma kidogo. "Sikiza, mchungaji anamtambulisha. Anasema ni mgeni, mzee wa kanisa kwao Kakamega. Sasa naelewa. Mzee hawezi kumpa binti mtu asiyebatizwa."

"Machi amebatizwa. Juni amenishtaki kwamba mimi ndiye niliyeacha Uhindu."

"Na silaha ameitoa nyumbani kwa Mungu wake mpya. Aki, huyu mtu hana hata haya ya kukopesha."

"Kendi, naihitaji hiyo video."

Kendi aliondoa mkono kwenye kompyuta. Hili halikuwa jambo dogo kwake. Kutoa rekodi ya washirika kulimaanisha kufukuzwa katika huduma aliyoifanya miaka mitano, mbele ya watu waliomzika baba yake kwa michango yao.

"Nikiitoa, kamera sitaishika tena."

"Najua."

Kendi alirudisha mkono kwenye kompyuta.

"Ichukue," alisema. "Kamera yenyewe siiwezi. Feni inanishinda."

Video ikaenda kwa Pamela. Pamela alijibu kwa neno moja: "Yesu!" Kisha akakumbuka ni wakili wa nani, akapiga simu.

"Nyaboke, hii inageuza kesi yote. Kama ni kuacha dini, yeye ndiye aliyeacha. Lakini sheria inanitaka nimwonyeshe mwenzangu kabla sijaitumia. Naituma kwa Wesley sasa hivi."

"Mtumie."

Dakika mbili hazikupita. Simu ya Nyaboke ililia. Bhavin.

"Nyabo."

"Usiniite hivyo."

"Nyaboke, tusikilizane kama watu wazima. Unataka nusu ya duka. Chukua. Wesley anaandika sasa hivi, tunasaini leo, mwezi ujao jina lako liko kwenye leseni."

Miaka mitatu ya kulia, vikao viwili vilivyoahirishwa, mawakili, hati, viapo. Na sasa nusu ilikuwa imekuja yenyewe.

"Kwa sharti gani?"

"Hiyo video isionekane. Ba yuko kwenye mstari huko Kisumu. Ametoa ushahidi asubuhi kwa ajili yangu, na bado anasikiliza. Akiona, nitakuwa nimemuua. Unajua Ba alivyo."

Ba ndiye mama yake Bhavin. Nyumba nzima humwita hivyo, kama Wagujarati wanavyomwita mama. Nyaboke alimjua vizuri. Mwaka mzima baada ya harusi, Ba hakuonja chakula kilichopita mikononi mwa mkwe wake. Mwaka wa pili alikula chapati moja, akasema ni ngumu.

"Bhavin, wewe uliniambia nini siku uliyoondoka?"

"Hayo ya zamani yanatusaidia nini?"

"Uliniambia Ba hakunikubali kamwe, kwa hiyo usijisumbue kulia. Ulikuwa unafunga mkanda wa begi. Ulisema bila kunitazama."

"Nisamehe. Sawa? Nisamehe. Nusu yako ni hii hapa."

Kendi, aliyesikia yote, alikuwa akipunga mikono yote miwili. Kubali, alisema kwa midomo. Kubali, kubali, kubali.

"Sasa unataka nini zaidi?" Bhavin aliuliza.

"Nataka Ba akuone ukiwa umelowa."

Akakata simu.

"Umerukwa na akili!" Kendi alipiga kelele. "Nusu, Nyabo! Ndiyo hiyo tuliyokuwa tunaiombea! Chukua nusu tukale biriani tulale!"

"Nitaipata nusu. Na uso wake nitaupata."

"Uso haulipi kodi ya nyumba."

"Nitautazama bure."

Msomaji, usimhukumu upesi. Kuna kiu ambayo maji hayaikati.

Mahakama ilirejea. Wesley alikuwa amelegeza tai. Pamela aliomba Bhavin arudishwe kuhojiwa kwa sababu ushahidi mpya umepatikana. Wesley alipinga kwa maneno mengi. Hakimu alikubali kwa maneno mawili.

Nyuma ya Bhavin mafuta yalikuwa yakichemka kwa kishindo.

"Bwana Bhavin, mwambie mpishi wako ashushe moto," alisema hakimu. "Hapa ni mahakamani."

"Bwana Bhavin," Pamela alianza, "asubuhi ya leo uliapa kwa kitabu gani?"

"Kwa Gita."

"Kwa sababu wewe ni Mhindu."

"Ndiyo."

"Ekadashi iliyopita ilikuwa siku gani?"

Bhavin alilamba midomo. "Jumanne."

"Mkeo amesema Jumapili."

"Basi Jumapili. Mimi ni mfanyabiashara, siku nyingi hunichanganya."

"Benjamin ni nani?"

Mafuta yalikuwa yameacha kuchemka.

"Kuna akina Benjamin wengi," alisema Bhavin.

"Namtaka huyu."

Video ilijaza kioo. Bwawa la plastiki. Kanzu nyeupe. Mkono wa mchungaji. Maji. Sauti ikasikika wazi mpaka Kisumu: "Ndugu Benjamin, nakubatiza..." Kisha yule mwanamume akatoka majini akihema, na Valerie akamkimbilia na taulo.

Nyaboke hakuitazama video. Aliyatazama madirisha mawili madogo chini ya kioo. Katika la kwanza Bhavin alikuwa ameziba uso kwa viganja. Katika la pili alikuwa Ba, mwanamke mwembamba mwenye mvi, amefunika kichwa kwa pindo la sari nyeupe. Macho ya Ba hayakupepesa. Mdomo wake ulikunjamana taratibu, kama karatasi inayoungua kutoka pembeni.

Kwa muda wa dakika moja, Doha nzima haikuwa na mwanamke mwenye furaha kumshinda Nyaboke.

"Mheshimiwa," alisema Pamela, "mwombaji amekuja mbele yako akimtuhumu mkewe kwa kosa alilolitenda yeye. Ameapa kwa kitabu ambacho ameshakiacha. Naomba ombi lake litupwe, na madai ya mteja wangu yakubaliwe: talaka kwa kosa la mume, na nusu ya duka."

"Wakili Wesley?"

Wesley alikuwa akipekua karatasi zake.

"Mimi nitasema," ikasikika sauti ya mwanamke.

Ilikuwa ya Ba.

"Mama, ulishamaliza ushahidi wako," alisema hakimu.

"Kiapo changu cha asubuhi bado kiko mdomoni. Niache niseme, Mheshimiwa, kwa sababu nimeficha jambo."

"Ba, nyamaza!" Bhavin alifoka. "Ba, tafadhali!"

"Benjamin," alisema Ba, "usiniite Ba."

Hata karani aliacha kuandika.

"Sema, mama," alisema hakimu.

"Mwanangu amekufa leo. Nitamlilia nyumbani kwangu, nikimaliza hapa. Lakini lile duka halikujengwa na mishahara ya hospitali peke yake. Bangili zangu za dhahabu zimo mle, zote, hata za mama yangu. Haliendi kwa Benjamin na mwanamke wake wa taulo. Wala haliendi kwa muuguzi."

"Muuguzi ni mke wake, mama."

"Si mke wake. Hajawahi kuwa."

Nyaboke alisimama. Kendi alimvuta kiunoni akamkalisha.

"Alipozunguka moto na huyu msichana," Ba aliendelea, "Bhavin alikuwa na mke. Alimwoa huko Mwanza, hekaluni, kwa kasisi na kwa moto, miaka mitatu kabla yake. Waligombana, msichana akarudi kwao. Talaka haikuandikwa. Sisi tulinyamaza kwa sababu ya aibu. Mheshimiwa anaijua sheria yetu. Mume mmoja, mke mmoja. Wa pili si mke."

Pamela alikuwa amepauka. Alijua mara moja maana yake. Kama ndoa ni batili, hakuna cha kuvunja. Asiyekuwa mke hadai fidia ya mke.

Nyaboke naye alijua. Dakika ishirini zilizopita nusu ya duka ilikuwa sikioni mwake, inambembeleza. Aliirudisha kwa mikono yake ili amwone Bhavin akiumbuka mbele ya mama. Mama ameona. Na mama hakuishia kwa mwana peke yake.

Kendi hakusema "nilikwambia." Hilo ndilo lililouma zaidi.

"Mama," alisema hakimu, "jambo hili ni zito. Una ushahidi?"

"Ninaye. Nilimleta jana kwa basi. Nilijua mwanangu atakuja kuharibu, nikamweka tayari."

Ba aliigeuza simu yake. Ukuta ulipita, pazia likapita, kisha akaonekana mwanamke wa miaka arobaini hivi, ameketi ukingoni mwa kochi kama mtu anayesubiri kuitwa na daktari. Alivaa sari ya pamba ya buluu na miwani ya kusomea.

"Jina lako?" hakimu aliuliza, baada ya karani kumwapisha.

"Daksha. Natoka Mwanza."

"Unamfahamu mwombaji?"

"Ninamfahamu, Mheshimiwa. Nilizunguka naye moto miaka kumi na miwili iliyopita. Nimekaa naye miezi minane."

Katika dirisha lake Bhavin alivua visikizi masikioni, akaviweka mezani.

"Basi, Daksha," ilisikika sauti ya Ba. "Inatosha."

"Mama huyu alinipandisha basi niseme neno moja tu, kwamba niliolewa," alisema Daksha. "Nimelisema. Nimebaki na la pili. Talaka iliandikwa, Mheshimiwa. Baba yangu aliitafuta kimya kimya, mahakamani kwetu. Ba alitumiwa nakala, akaificha. Yangu ninayo."

"Iliandikwa lini?"

Daksha alitia mkono ndani ya mkoba. Karatasi iliyokunjwa mara nne ilichomoza. Ghafla picha ilipinduka. Dari ilionekana, kisha sakafu, kisha kiganja. Sauti mbili za wanawake ziligombana Kigujarati. Dirisha likafungwa.

"Shahidi ametoka," alisema karani.

Hakimu alitazama saa yake.

"Tarehe ya hiyo karatasi ndiyo kesi yenyewe. Ikiwa talaka ilitangulia harusi ya pili, mjibu maombi ni mke halali na nitamsikiliza. Ikiwa ilifuata, hakuna ndoa. Nampa shahidi dakika kumi arudi. Asiporudi, nitaandika kwamba mwombaji alikuwa na mke."

Nyaboke alichukua simu yake. Namba ya Ba hakuwa ameipiga kwa miaka mitatu, lakini hakuwa ameifuta. Aliweka sauti ya nje ili Kendi asikie. Iliita mara moja. Iliita mara ya pili.

"Haloo?"

Ulikuwa mnong'ono. Haukuwa wa Ba.

"Daksha?"

"Ni nani? Muuguzi? Nimejifungia bafuni na simu yake. Amekwenda kumwita mlinzi."

"Dada yangu, hiyo karatasi. Iliandikwa kabla ya harusi yangu?"

Maji ya bomba yalikuwa yakidondoka upande wa pili. Nyaboke aliyahesabu matone manne.

"Harusi yako ilikuwa Oktoba," alisema Daksha. "Karatasi ni ya Februari iliyofuata. Imechelewa miezi minne. Pole."

Nyaboke alifumba macho.

"Lakini nisikilize," mnong'ono uliendelea, sasa kwa haraka. "Siku na mwezi vinaonekana. Mwaka umeingia maji, namba ya mwisho haisomeki. Ba anaujua, nami naujua. Nikisema ni Februari ya mwaka uleule wa harusi yako, talaka inakutangulia. Unakuwa mke. Unapata nusu."

"Na wakienda Mwanza kulitafuta faili?"

"Wakienda, tumekwisha sote wawili. Lakini mimi niko tayari. Miaka yote hii nimeitwa mke wa mtu ambaye hajawahi kuniuliza kama nimekula. Duka silitaka. Nataka yeye na mama yake walikose."

Nyaboke alimtazama Kendi. Kendi alikuwa ameziba mdomo kwa mkono, akitikisa kichwa, na haikujulikana kama anakataa au anatetemeka.

Nusu saa haijapita tangu Nyaboke amvue Bhavin nguo mbele ya mahakama kwa sababu Bhavin aliapa uongo.

Upande wa pili mtu aligonga mlango kwa ngumi. Sauti ya Ba ilipenya mbao: "Fungua! Daksha, fungua!"

Kwenye kompyuta, kioo kiliwaka. Hakimu alikuwa amerudi kitini kabla ya muda wake.

"Karani, shahidi amepatikana?"

"Bado, Mheshimiwa."

Mlango wa bafuni ulipigwa kwa kitu kizito, na ubao ukapasuka.

"Dada, wanavunja," alinong'ona Daksha. "Naingia mahakamani sasa hivi. Hakimu ataniuliza mwaka. Niseme upi?"